Twiga wa Set na Deni la Miungu

Kwenye gemu la kompyuta la Age of Mythology, ukimfuata Set, twiga anakwenda vitani. Twiga huyuhuyu wa kwetu, mnyama wa taifa, mpole wa matangazo ya utalii, anasogea kwa maringo yake mpaka kwenye lango la adui na kuanza kushambulia. Pembeni yake wapo fisi, kifaru, kiboko na mamba, wote wameitwa na Firauni kwa jina la Set, mungu wa Misri ya kale, wa jangwa na vurugu. Nimeanza kucheza gemu hili nikiwa sekondari, na mpaka leo nikiliona kundi hilo likivuka mchanga nacheka peke yangu, hasa kiboko anapotangulia kama mtu anayewahi daladala ya mwisho ya Mbagala.

Gemu lenyewe lilitoka mwaka 2002, kazi ya Ensemble Studios wa Dallas, Texas, walewale waliotuletea Age of Empires mwaka 1997. Tarehe 4 Septemba 2024 likarudi likiwa limejengwa upya, kwa jina la Age of Mythology: Retold, kwenye kompyuta na Xbox, na Machi 2025 likaingia PlayStation 5. Ensemble wenyewe hawakuwepo kuliona. Studio yao ilifungwa mwanzoni mwa 2009, na kazi ya kulifufua ilisimamiwa na World's Edge, kitengo cha Microsoft kinachotunza ukoo mzima wa magemu ya Age, wakishirikiana na Forgotten Empires na wengine.

Ukiwauliza watu kwa nini gemu la mwaka 2002 bado lina wachezaji, wengi watakujibu ni kumbukumbu za ujana tu, wazee wa miaka thelathini na kitu wanajiliwaza. Jibu hilo linanikera. Mpwa wangu alizaliwa Ensemble ikiwa imeshafungwa, hana ujana wowote wa kuukumbuka maana ndiyo kwanza anauanza, na ndiye anayeniganda kila Jumamosi akija Tabata: "Shikamoo anko, leo mimi ni Loki." Huyo ni mmoja wa miungu ya Waskandinavia wa kale. Kwenye simu yake ana magemu yenye picha kali kuliko hili. Anayaacha.

Mimi nadhani sababu iko kwenye miungu yenyewe, na hasa kwenye namna inavyodai.

Kwa asiyelijua: unachagua mungu mkuu, kisha unaanza na kituo cha mji, wanakijiji wachache na labda mbuzi wawili waliozubaa karibu na ukuta. Mbuzi hao ukiwaacha wananenepa, kwa hiyo sekunde ya kwanza tu umeshapewa uamuzi, uchinje sasa ule kidogo au uvumilie. Unakusanya, unajenga, unapanda kutoka zama moja hadi nyingine, unatengeneza jeshi, unakwenda kumvunjia mwenzako mji wake kabla hajaja kuuvunja wako. Hakuna kusubiri zamu. Wote mnacheza kwa wakati mmoja, na anayefikiri polepole anakuta moshi unafuka nyumbani kwake. Hayo yote yapo kwenye magemu mengine ya mkakati na sitapoteza muda nayo.

Chakula, mbao na dhahabu navyo vipo kila mahali. Hapa kuna kitu cha nne, radhi za miungu, unazolipia viumbe wa ajabu wa hadithi, na hapo ndipo wabunifu wa Ensemble walipofanya kazi ya maana, kwa sababu kila taifa linazipata kwa njia yake. Wagiriki wanaomba. Unamtoa mwanakijiji shambani, unampeleka hekaluni, anasimama pale akiomba, na kila unayemwongeza kwenye safu ya waombaji analeta kidogo kuliko aliyemtangulia. Wamisri wanajenga minara ya ukumbusho, mitano, kila mmoja mkubwa na wa gharama kuliko uliopita, na ukishasimama unaendelea kuleta radhi hata kama umelala. Waskandinavia wa kale, watu wa Odin na Thor, wanapata radhi kwa kupigana: ukikaa kwa amani miungu karibu inakusahau. Na watu wa Atlantis, kisiwa cha hadithi za Kigiriki, walioongezwa mwaka 2003 kwenye nyongeza iitwayo The Titans, wanapata radhi kwa kushika ardhi. Kadiri unavyokuwa na vituo vingi vya mji ndivyo mbingu zinavyokuona.

Kuomba, kujenga, kupigana, kutwaa maeneo. Ukiishi Dar miaka ya kutosha utawatambua waumini wa aina zote nne, na wengine wana vipaza sauti.

Utani pembeni, angalia jinsi hiyo inavyobadilisha mchezo mzima. Ukiwa Mgiriki, kila radhi ina bei ya mkate. Watu watano wanaoomba ni watu watano wasiolima, na adui mwenye akili ataangalia hekalu lako kabla hajaangalia kambi zako. Ukiwa Mmisri unakuwa mtulivu, unahesabu dhahabu, unasubiri mnara uishe, na ukivunjiwa mmoja unaumia kama mtu aliyebomolewa kibanda usiku. Ukiwa mtu wa Odin karibu majengo yote, hata ngome, yanajengwa na askari, kwa hiyo jeshi lako linatakiwa liwe mbele linapigana na wakati huohuo linahitajika nyuma likishika nyundo. Nimeona watu wapole kabisa, watu wa benki, wakichagua Loki na baada ya nusu saa wanazungumza kwa sauti ambayo wake zao hawaijui.

Nyumbani kwetu suala la kuomba lilizua kesi. Kompyuta iliyokuwa na gemu ilikuwa kwa mama mkubwa, Magomeni, sebuleni, chini ya kalenda ya msikiti. Alipita na sinia la vikombe akawaona wanakijiji wangu wamepanga mstari mbele ya jengo lenye nguzo.

"Hao wanafanya nini?"

"Wanaomba, mama mkubwa."

"Wanamwomba nani?"

Nikasema Zeus, kwa sauti ndogo, nikidhani jina geni litapita bila kuhojiwa. Akaweka sinia chini. Nikaeleza kwamba ni hadithi za kale za Wagiriki, hakuna anayeziamini, ni kama zile za sungura na fisi. Akafikiri kidogo, kisha akauliza swali ambalo sijapata jibu lake zuri: kama hakuna anayeamini, mbona wanapewa? Maana kioo kilikuwa kinaonyesha wazi kwamba radhi zinaongezeka. Kuanzia siku ile nilicheza Wamisri akiwa nyumbani. Kujenga minara hakukumsumbua. Hata hivyo kuna hatua kwenye hadithi kuu ambapo mchawi Circe anawageuza mashujaa wako kuwa nguruwe na inabidi uwaongoze hivyohivyo mpaka wakombolewe. Hiyo niliimaliza usiku, kioo nimekipunguza mwanga.

Hadithi yenyewe, kwa kuwa nimeigusa, ni nzuri kuliko ilivyohitajika kuwa. Arkantos, jemadari wa majeshi ya majini ya Atlantis, anapelekwa kwenye vita vya Troy kumsaidia Agamemnon, mfalme wa Wagiriki, anaingia ndani ya farasi wa mbao pamoja na Ajax na Odysseus, kisha anamfukuza jitu la jicho moja, Gargarensis, kutoka Ugiriki hadi Misri hadi kwenye theluji za kaskazini. Misri anakutana na Amanra, malkia wa Kinubi, anayetafuta vipande vya mwili wa mungu Osiris vilivyotawanywa. Nilipokuwa mdogo sikufikiria sana kuhusu Amanra. Sasa namwona kila ninaporudia: mwanamke mweusi kwenye gemu la mwaka 2002, anaruka juu ya vichwa vya maadui, anatoa amri, na hakuna mtu anayesimama kumshangaa. Magemu mengi ya miaka ile yalikuwa na Afrika kama msitu tu wa kupita.

Turudi kwenye deni la miungu. Kila unapopanda zama unawekwa mbele ya miungu midogo miwili na unachagua mmoja. Ukiwa na Zeus, wa kwanza ni Athena au Hermes. Athena anakupa minotauri, yule mwenye kichwa cha fahali anayewarusha askari hewani, na uwezo wa kuwaponya watu wako. Hermes anakupa nusu mtu nusu farasi mwenye upinde, na uwezo wa kusimamisha vita nchi nzima kwa muda, panga zikabaki juu bila kushuka. Zama inayofuata ni Apollo au Dionysus. Ya mwisho ni Hera, mwenye dhoruba ya radi na Medusa anayegeuza watu mawe, au Hephaestus, mwenye hazina inayomiminika na jitu la shaba linalokula miti na dhahabu ili lipone majeraha.

Unamchagua mmoja na mwingine amekwenda. Huwezi kumrudia kwenye pambano lile. Tena unachagua kabla hujajua adui atakuja na nini: ukichukua Hermes kwa ajili ya wapanda farasi, anatokea mtu na kikosi cha mikuki. Hapo nadhani ndipo mvuto ulipo, kwenye kuamua mapema, kwa taarifa nusu, na kubaki na ulichoamua hadi mwisho. Magemu ya sasa yanaogopa kumfungia mchezaji mlango. Yanakuruhusu kubadilisha kila kitu, kurudisha pointi, kununua upya. Hili linakufungia mlango mara tatu katika pambano moja na bado unalipenda, kwa sababu kila mlango una jina, uso na hasira zake. Mchezaji akishindwa hasemi "nilikosea uboreshaji wa daraja la pili". Anasema "nisingemchukua Dionysus". Anazungumza kama mtu katika hadithi, na anayemsikiliza anaelewa hata kama hajawahi kucheza.

Ndiyo maana gemu hili lilisimuliwa sana kuliko lilivyochezwa. Tusidanganyane, halijawahi kuwa gemu la kitaa. Vibanda vya gemu vya Dar vilikuwa vya mpira na mpaka leo ni vya mpira, kijana anashika pedi, anachagua timu, anapiga kelele. Gemu la mkakati lilihitaji kompyuta, na kompyuta zilikuwa maofisini, kwenye intaneti kafe na kwenye steshenari. Ya kwetu ya pili, baada ya ile ya Magomeni, ilikuwa kwenye steshenari moja Sinza, iliyochapa barua za kuomba kazi mchana na saa moja jioni ikageuka kuwa Ugiriki. CD ilitoka Kariakoo, imeandikwa jina kwa kalamu ya wino mzito. Wanaocheza wawili, wanaoangalia saba, na wale saba ndio waliokuwa wanajua zaidi. Kesho yake shuleni kisa kilikuwa kimeshakua: kimondo kimoja kimekuwa vitatu, Medusa amegeuza jeshi zima. Neno ambalo wanakijiji wa Kigiriki wanaitikia ukiwabofya, "prostagma", lilitumika kuitikia mwalimu wa zamu, na lilitugharimu viboko.

Mwaka 2006, ukame ulipokausha mabwawa na mgao wa umeme ukawa sehemu ya ratiba, pambano la saa nzima lilikuwa kamari tupu. Tulihifadhi kila tulipovuka zama. Kuna jamaa aliyekuwa anaweza kutabiri umeme unakatika kwa jinsi feni inavyopungua mwendo, na yeye hakucheza kamwe, kazi yake ilikuwa kupiga kelele "hifadhi!"

Retold imebadilisha mambo mengi, na sehemu kubwa ni picha, ambazo sina haja ya kuzisifia. Ni nzuri, maji yanang'aa, moto unawaka. Sauti zimerekodiwa upya na hapo sina furaha. Arkantos wa zamani alizungumza kama mtu wa tamthilia ya redio, ametia chumvi, na chumvi ile ilikuwa mahali pake. Kuna pia utaratibu mpya wa kuwapangia wanakijiji kazi wenyewe: unaweka vipaumbele vya chakula, mbao na dhahabu, nao wanajigawa. Wakongwe wameunung'unikia. Mimi naona ni sawa kabisa, hasa kwa anayetumia pedi, na kwa mpwa wangu ndiyo uliomfanya avuke wiki ya kwanza bila kukata tamaa.

Badiliko linalohitaji kuzungumzwa ni la nguvu za miungu. Katika gemu la 2002 kila nguvu ilitumika mara moja tu. Zeus alikupa radi moja, radi moja kwa pambano zima. Thoth wa Wamisri alikupa kimondo kimoja. Matokeo yake sote tulikuwa mabahili. Tulitunza. Tulisubiri wakati muafaka, adui akusanye jeshi lote mahali pamoja, atulie, atazame pembeni. Na wakati huo haukufika, mji ukaanguka, tukafa na kimondo mfukoni. Nimeona watu wazima wakifa na kimondo mfukoni zaidi ya mara moja, na kila mmoja alikuwa na sababu nzuri.

Sasa nguvu zinarudi. Ukitumia mara ya kwanza ni bure, kisha unasubiri, na mara zinazofuata unalipa radhi, bei ikipanda kila unaporudia. Wapo wanaosema hii imeua utisho. Nakubaliana nao kwa sehemu: kimondo cha pili hakitishi kama cha kwanza, na tetemeko la ardhi la mungu Artemis linalojulikana kuwa litarudi baada ya dakika kadhaa linakuwa jambo la kupangia bajeti. Lakini kwa ujumla naona mabadiliko haya yanalipeleka gemu mahali ambapo lilikuwa linataka kwenda tangu mwanzo. Mungu wa zamani alitoa zawadi moja akaondoka. Wa sasa anabaki mlangoni na daftari. Unataka radi nyingine? Sawa, waondoe watu shambani wakaombe. Unataka ya tatu? Waongeze. Mwanakijiji anayeomba, ambaye zamani alikuwa anatafuta radhi za kuleta minotauri tu, sasa ana uzito mara mbili, na adui anayevamia hekalu anakukatia mikopo yote.

Wa Ensemble kama wangekuwepo sijui wangesema nini. Waliofuata kabla ya hawa hawakufanya vizuri. Mwaka 2014 lilitoka toleo lililopakwa rangi kidogo, Extended Edition, na mwaka 2016 likaongezwa taifa la Wachina kwenye nyongeza ambayo wachezaji waliipokea kwa miguno. Retold imewarudisha Wachina Machi 2025, wamejengwa upya kabisa kwenye Immortal Pillars, na mwaka huohuo wakaja Wajapani. Retold ilipotoka mwaka 2024 ilianza karibu dola 30, ambazo wakati huo zilikuwa kama shilingi 80,000 za kwetu. Si pesa ya mchezo, ingawa ni ya mchezo. Kwa mara ya kwanza maishani nimelinunua kihalali na nimejisikia raia mwema kwa siku nzima.

Kuongezwa kwa mataifa ndiko kumemfanya mpwa wangu aanze kuuliza: na sisi je? Wamisri wapo tangu mwanzo, Amanra yupo, lakini pwani hii haina mtu. Amesomeshwa shuleni habari za Fumo Liyongo na anaona ni kazi rahisi. Shujaa mrefu, mpiga upinde, mtunzi wa mashairi, hafi kwa silaha yoyote isipokuwa sindano ya shaba kitovuni. Tulitumia jioni nzima kumpanga. Mimi nilitaka akifa abaki amepiga magoti na upinde mkononi kama kwenye kisa, na adui yeyote aliye karibu ashindwe kusogea kwa muda, akidhani yu hai. Mpwa wangu akasema huo ni wizi, shujaa mfu hawezi kuzuia jeshi. Nikamwambia watu wa mji walishindwa kuteka maji kisimani kwa sababu hiyohiyo. Akakubali, kwa sharti kwamba sindano ya shaba iwe kitu ambacho adui anaweza kukitafiti kwenye ghala la silaha kwa bei kubwa, na kwamba atakayeichoma awe mtu wako mwenyewe, maana Liyongo aliuawa na mwanawe.

Tatizo lilikuja tulipofika kwenye ukurasa wa kwanza, ule wa kuchagua mungu mkuu. Liyongo hana Zeus. Katika visa vya pwani yupo yeye, mfalme anayemwogopa, mama anayempelekea tupa ndani ya mkate, mwana msaliti. Na Mungu aliyepo ni mmoja, ambaye sithubutu kumwekea kitufe, na mama mkubwa bado yupo hai. Mizimu nayo ni jambo la nyumba na ukoo, haipangiki kwenye safu ya nyuso ili mchezaji achague. Gemu hili linasimama juu ya uchaguzi ule. Ukiutoa, unabaki na mbuzi na mbao.

Mpwa wangu hakuona shida yoyote.

"Anko, si yuko pwani? Mpe Poseidon."

Nikamkumbusha kwamba Poseidon ndiye aliyekuwa nyuma ya Gargarensis katika hadithi nzima, ni msaliti.

"Basi ndiyo vizuri," akasema, ameshabofya. "Liyongo amezoea."